Mizani ya Samaki Mbele ya Hakimu

Mimi, na cheti changu cha masomo ya jioni, niliamini uvumi wa wavuvi wa ufuo wa Luanda Kotieno kwamba korti humkabidhi mtoto kwa mzazi anayemnenepesha zaidi. Basi nilipopinga amri ya korti kwamba binti yangu Akinyi akae kwa muda na mama yake mtaani Migosi, kila wikendi aliponitembelea nilimlisha samaki aina ya ngege hadi akahema kama trekta la miwa. Siku ya kesi nikaingia kortini na mizani yangu ya kuuzia samaki.

"Mheshimiwa, apimwe! Kwangu ameongeza kilo mbili!"

"Mzee, soko iko huko nje," karani akaninong'oneza.

Hakimu akaniuliza mwalimu wa Akinyi anaitwa nani. Nikatazama mizani.

"Baba Akinyi," akasema polepole, "hapa hatupimi kilo za mtoto. Tunaangalia nani anamjua."