Mwalimu Mgaya Arudi Bungeni

Usiku ule nililala na hasira zangu, hasira za mtu aliyeshindwa kabla hajafungua mdomo. Asubuhi bodi ya shule ingekaa, na Mkuu wa shule alikuwa amekwisha kunidokeza: bunge letu la wanafunzi litavunjwa, na ghala la pamoja litafungwa. "Kila bweni lile jasho lake, Madam," aliniambia huku akitabasamu. Nilikuwa nimeandaa hotuba ndefu kichwani, na kila nilipoirudia niliiona imepoa kama chai ya jana.

Nieleze kidogo, maana mgeni anaweza kudhani tunacheza. Shule yetu iko huku Njombe kwenye baridi. Tangu zamani mabweni yetu manne ni majimbo. Kila moja lina shamba lake la mahindi, viongozi wake na sheria zake. Jimbo la tano ni wanafunzi wa kutwa, wanaopanda kila siku kutoka vijiji vya bondeni. Hao hawana bweni wala shamba. Majimbo yote yanapeleka wabunge katika Bunge la Shirikisho, na bunge hilo ndilo linalomchagua waziri mkuu, na likimchoka linamwangusha. Aliyeanzisha yote hayo ni Mwalimu Mgaya. Alinifundisha Uraia nikiwa mwanafunzi hapa hapa, na alipostaafu akaniachia somo lake. Tulimzika mwaka jana, wakati wa masika.

Basi nikamwona. Wala sikushangaa. Niko bwaloni, nimekaa kwenye kiti cha Spika, na yeye anaingia na koti lake la sufu, mabega yamelowa umande. Nasimama.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Endelea na kikao."

Anavipita viti vya walimu bila kuvitazama, anakwenda kukaa kwenye benchi la wa kutwa, kule mlangoni upepo unakoingilia.

Nikigeuka, ukuta wa nyuma haupo. Bwalo limerefuka, na wamekaa wabunge wa miaka yote. Wengine wana vipara, wengine ni akina mama wenye watoto mgongoni, na wote wamevaa sare ya shule. Waziri mkuu wa kwanza kabisa anasimama kuwaombea wagonjwa uji, na kuna bweni linazomea kwamba kila mgonjwa akaugulie kwao. Uji unapita. Sijakaa sawa, naona ni bunge jingine: wasichana wanataka wakiwa kwenye siku zao wasipelekwe kulima. Wavulana wanainamisha vichwa kwa haya, lakini wanasema ndiyo. Kisha unakuja ule muswada mkubwa, kwamba kila bweni litoe sehemu ya mahindi yake yawekwe ghala la pamoja, ili na wa kutwa wale mchana. Muswada ule nilikuwepo. Nilikuwa mbunge wa kutwa, na tumbo langu ndilo lililokuwa likijadiliwa.

Halafu nanusa kitu kinaungua, na bwalo zima linaanza kucheka. Nalijua tukio hilo. Tuliiangusha serikali huku ugali wa shule nzima uko jikoni, na katiba yetu ilisema chungu cha shirikisho hakiguswi ila kwa amri ya waziri. Waziri hakuwepo tena. Tukakaa tunabishana nani ana mamlaka ya kushika mwiko, mpaka moshi ukaingia bwaloni, na tukalala na njaa kwa uzalendo wetu. Kesho yake tukapitisha sheria kwamba serikali ikianguka, mawaziri wa zamani waendelee kusonga mpaka wapya waape. Baadaye Mwalimu alituambia kwamba hata nchi kubwa zinazotawaliwa hivi zina utaratibu kama huo. Sisi tuliuvumbua kwa matumbo yetu, na mpaka leo najivuna.

Katika ndoto nilijivuna zaidi. Niliwatazama wale watu wote nikasema moyoni, shule gani nyingine ina hii? Nikashuka kitini, nikasimama katikati ya bwalo, nikaianza hotuba yangu. "Waheshimiwa wabunge, ghala hili..."

Mwalimu Mgaya akanyoosha mkono. "Mwongozo wa Spika."

Kiti cha Spika ni kitupu, lakini najikuta najibu. "Sema, Mheshimiwa."

"Huyu anayezungumza ni mbunge wa jimbo gani?"

Nikasema, "Mimi ni mwalimu wao."

"Nimeuliza jimbo."

Hakunikasirikia. Alinitazama kama zamani, nilipokuwa ninalijua jambo lakini sijathubutu kulisema.

"Kwenye kikao cha asubuhi," akasema, "wenyewe wamealikwa?"

Nikatikisa kichwa. Mkuu hakuwaalika, wala mimi sikukumbuka kuwaalika, nilivyoshughulika na maneno yangu matamu. Mwalimu akainuka, akafunga vifungo vya koti.

"Bunge niliwaachia watoto, mwanangu. Usiwapokonye kwa kuwapenda."

Nikaamka. Jogoo walikuwa wanawika, na machozi yamenifika masikioni. Sikulia kwa huzuni. Nilijitupia kitenge juu ya sweta, nikaenda mpaka bweni la wasichana, nikamgongea Zaina wa kidato cha tatu, ambaye ndiye waziri mkuu wetu muhula huu. Alitoka akifikicha macho.

"Shikamoo, Madam."

"Marahaba. Vaa sare yako vizuri. Leo bodi inataka kufunga ghala, na wewe ndiye utakayeingia kulitetea."

Nilitegemea ataogopa. Akafikiri kidogo, kisha akaniambia kwa adabu zote, "Madam, siwezi kukubali peke yangu. Mpaka baraza la mawaziri likae. Na waziri kutoka kwa wa kutwa bado yuko njiani anapanda."

"Zaina, bodi haitasubiri."

"Itabidi isubiri, Madam," akasema, akarudi ndani kuwaamsha wenzake.

Nami nikabaki pale nje kwenye baridi, mwalimu wake, nikiisubiri serikali ikae.