Miwani ya Rangi Mbili

Mjukuu wangu wa kike alinipeleka kutazama sinema hapa Makambako, kwenye ukumbi mdogo nyuma ya stendi. Mlangoni mwenye ukumbi akanipa miwani myeusi, akasema, "Vaa, bibi, leo vitu vinakufuata mpaka kwenye kiti." Nikavaa. Kweli vikanifuata. Ndege akatoka ukutani na mabawa yake, akaja mpaka hapa, mbele ya pua. Watoto wakapiga kelele kwa furaha. Mimi nikaivua miwani, nikaiweka mapajani.

"Bibi, umeogopa?"

"Sijaogopa. Tazama mbele."

Hakuuliza tena, ananijua. Lakini wewe nitakuambia. Huenda umri wetu ni mmoja, na kama si mmoja, basi kaa utulie usikilize.

Sisi ni watu wa kijiji cha Kichiwa. Miaka hiyo kwetu miti ya miwati ilikuwa kila upande, na kazi ya watoto wakati wa kiangazi ilikuwa kuchuna magome yake ya kuuza kiwandani. Wakubwa wanaangusha mti, sisi tunalivuta gome kuanzia chini, linatoka refu kama mkanda, linalia chwaa. Mikono inabaki na ule ukakasi, hata kwenye ugali unauonja. Asubuhi sakitu imeganda kwenye majani, nasi tuko peku, vidole vya miguu huvisikii kama ni vyako. Bibi yetu alikuwa akitufukia viazi kwenye majivu ya moto, tunaondoka navyo tumevifunga kwenye nguo. Kwanza vinapasha mikono, kuvila ni baadaye. Viazi vya leo vinakaangwa kwa mafuta mengi, sijui vinapasha nini.

Siku moja gome lilikatika likiwa limevutwa kwa nguvu, likaruka, likampiga mdogo wangu jichoni. La kushoto. Alikuwa hata shule hajaanza. Sista wa dispensari ya misheni akaliosha, akatia dawa, akafunga kitambaa. Baadaye akamwambia mama, "Hili limekwisha. Tumshukuru Mungu kwa lililobaki." Mama akaitikia amina, lakini mimi nilimwona mdomo. Habari ile hakuipokea.

Tangu hapo mdogo wangu akawa hajui kitu kipi kiko karibu na kipi kiko mbali. Ukimpa kikombe, mkono wake unapita pembeni. Na nyumbani kwetu mtoto wa kike ndiye aliyewamiminia wageni ulanzi, pombe yetu ya mianzi. Alikuwa akiumwaga nje ya kikombe, wageni wanaruka, baba anafoka. Bibi naye anamfokea baba: "Mwache! Mgeni asiyetaka kulowa anywee kwake." Hatimaye mtoto akajifunza kushika ukingo wa kikombe kwa kidole kwanza, ndipo amimine. Mgeni mwingine alinung'unika kwamba mtoto anamtilia kidole kwenye kinywaji. Bibi akamnyang'anya kikombe, akanywa yeye.

Watoto wa jirani walimwita Chongo. Hata yeye alishazoea kuitika.

Basi Jumapili moja katekista akatangaza pale kigangoni kwetu kwamba bruda wa misheni amerudi kutoka kwao na sinema ya aina mpya, yenye miwani yake. "Ukiivaa," akasema, "utaona ambavyo hujawahi kuviona." Watu wakacheka. Mama hakucheka.

Unielewe hapa. Misheni ndiko kulikotoka kila dawa tuliyoijua. Mtu aliyerudi kutoka kule na miwani usoni alikuwa ametoka kwa sista, amepimwa, amepewa ili aone. Mama angejuaje kwamba iko miwani ya mchezo? Alirudi nyumbani akamkamata tetea wake mweusi, yule hodari wa kutaga, akamfunga miguu. Baba alitaka kusema neno, akatazamwa, akatoka nje.

Mdogo wangu hakuweza kukaa na habari ile. Alisimama kwenye ua wa jirani akaitangaza.

"We Chongo, kwa hiyo utarudi na mawili?"

"Nitarudi nayo. Nitaanza kukutazama wewe na hiyo kaptura iliyotoboka matakoni."

Tuliondoka alfajiri, mama, yeye na mimi. Njia nzima alikuwa akifumba lile zima na kulifumbua, lile bovu analifanyisha mazoezi. Kuku kwapani mwa mama, na baridi ile, wote tunatoa moshi mdomoni.

Ukumbini kule misheni walikuwa wameziba madirisha kwa mablanketi ili mchana uwe giza, na ukutani wametundika shuka jeupe. Jenereta inanguruma nje. Bruda akagawa miwani ya karatasi ngumu, upande mmoja kioo cha nailoni nyekundu, upande mwingine ya bluu. Mama akatupeleka benchi la mbele kabisa. Akamvalisha mdogo wangu kwa mikono miwili, taratibu, kama padri anavyovika kitu kitakatifu.

Picha ikaanza. Ilikuwa ya kuchekesha tu, mzungu mmoja mnene na vituko vyake. Ghafla akatunyooshea fimbo. Ee ndugu yangu! Fimbo ilitoka kwenye shuka. Wanawake wakajifunika khanga. Katekista aliinama kwa nguvu mpaka akagonga paji la uso kwenye benchi. Halafu yule mzungu akatumwagia ndoo ya maji, ukumbi mzima ukalala upande mmoja kama majani ya ngano penye upepo. Nami nililala.

Mdogo wangu alikaa wima. Alikuwa anatutazama sisi.

Mama akamnong'oneza, "Umeona?"

"Naona bluu."

"Bluu na nini?"

"Bluu tu."

Mama akamgeuzia miwani juu chini. "Na sasa?"

"Sasa nyekundu."

Taa zilipowashwa mama alikwenda moja kwa moja kwa bruda, kuku mkononi. "Kamwene, bruda. Hii ya mwanangu ni mbovu. Nakuomba mpe nyingine." Bruda akatoa nyingine, akacheka kidogo, akainama kumvalisha mwenyewe. Ndipo akaliona lile jicho. Kicheko kikamkauka.

Alieleza kwa Kiswahili chake cha kuvunjikavunjika. Kwamba picha ziko mbili, kila jicho linapewa ya kwake, halafu kichwa ndicho kinaziunganisha, ndiyo maana zinaonekana kutoka nje. Bila macho mawili hazitoki.

Mama akamsikiliza mpaka mwisho. "Nimekuelewa," akasema. "Basi mpe hilo la pili."

Bruda aliigeuzageuza ile miwani mkononi. Alitazama chini. Mama akamweka yule tetea sakafuni, miguuni pa bruda, akatushika mikono tukatoka. Bruda alitufuata na kuku mpaka mlangoni, anaita mama, mama. Mama hakugeuka. Alikuwa amekuja kutoa, akatoa.

Njiani mama alitangulia mbali. Mdogo wangu akanivuta nguo. "Niambie. Ile fimbo ilifika wapi?"

"Hapa." Nikamgusa pua.

"Na maji?"

"Yalipita hapa, juu ya kichwa."

Akanyoosha mkono hewani, akaupitisha palepale, polepole. Akauliza tena, nikamwonyesha tena. Tulifika nyumbani giza linaingia, na wale watoto wakaja mbio. Akawasimulia yote. Fimbo kwenye pua, maji juu ya kichwa, katekista na paji lake, mpaka wakainama hapohapo uani. Hakuna aliyemwuliza kuhusu jicho. Ndani, mama alikuwa amesimamisha mwiko katikati ya ugali, anamsikiliza, na ugali ukaungua. Siku ile tuliula hivyohivyo.

Miwati ile imekatwa, leo huko ni parachichi tupu, za watu wenye magari. Ukumbi umekuwa ghala la mahindi. Mama, bibi, baba, katekista, wote tumeshawazika. Mdogo wangu aliolewa kijiji cha Yakobi, akazaa, akalima, na kila tulipokutana aliweza kunieleza sinema ile vizuri kuliko mimi niliyeiona. Mimi nilipokosea jambo, yeye alinisahihisha.

Amefariki masika haya. Binti zake walishindwa kumshika, wanalia tu, nikawatoa nje. Nikamwosha uso mwenyewe. Lile zima lilifumbika kwa urahisi. Lile jeupe halikutaka; kope lake lilikuwa na kovu, ukilishusha linapanda. Nikaketi pale kitandani, nikaliwekea kidole gumba. Nilimwambia, lala sasa, mama, hakuna kilichobaki cha kutazama. Nilikaa hivyo mpaka mkono ukafa ganzi, na nilipoutoa, likawa limefumbika.