Siku Jaji Idella Alipojitoa

Idella Vickers hakuwa akinywa maji siku za mahakama. Tabia hiyo aliianza miaka ya hamsini, alipokuwa wakili mweusi pekee katika wilaya nzima ya Pinder, kusini mwa Alabama. Jengo la mahakama lilikuwa na choo cha wanawake, ila si cha wanawake wa rangi yake. Akibanwa ilimbidi ashuke ngazi, avuke uwanja, atembee mpaka kwa jamaa mmoja aliyekuwa akiandaa maiti za watu weusi kwa mazishi, ambaye alimwachia mlango wa nyuma wazi. Siku moja alikwenda huko, na aliporudi akakuta kesi ya mteja wake imeshaitwa na kutupwa. Kuanzia hapo akawa anaingia mahakamani na koo kavu kama majivu.

Miaka mingi baadaye, alipokuwa jaji mwenye choo chake mwenyewe nyuma ya ofisi, bado hakunywa. Daktari alimgombeza kwa ajili ya figo.

"Sasa nani anakukataza maji, Jaji?"

"Hakuna," alisema Idella. "Ndiyo maana najiona mjinga."

Kesi iliyompa jina ilikuwa ya Arletha Tolbert. Arletha alikuwa mjane, fundi wa kushona, aliyewavalisha mabibi harusi wa pande zote mbili za reli, weupe kwa weusi. Kaka yake alikuwa amefungwa kwa wizi wa nguruwe ambaye baadaye alipatikana porini akiwa mzima, na watu kumi na wawili wa jopo, raia wanaoamua kesi, waliomtia hatiani wote walikuwa wanaume weupe, wengine wakiwa jamaa wa mwenye nguruwe. Arletha hakupiga kelele. Alikwenda kwa Idella na mkebe wake wa pini mkononi, akauliza, "Hivi mtu kama mimi hawezi kukaa kwenye kiti cha jopo akasikiliza?"

Wakashtaki wilaya kwenye mahakama ya shirikisho kwa kuwafungia weusi na wanawake nje ya jopo. Ilichukua miaka. Wateja wa Arletha wakapungua mpaka wakaisha. Nyumba yake ikachomwa moto Jumapili asubuhi, watu wakiwa kanisani, na cherehani yake ikayeyuka ndani. Yeye na mwanawe Lonzo wakahamia kwenye sebule ya Idella. Idella hakuwa na mtoto. Mumewe alikuwa ameondoka zamani kwenda Detroit, akidai amechoka kusikia simu za vitisho wakati wa chakula. Lonzo akawa anamwita shangazi na kumaliza sukari yote ya nyumba.

Hukumu ilipotoka, Idella alitoka nje ya jengo la mahakama kule Montgomery na kumkuta Arletha ameketi garini, viatu amevivua.

"Tumeshinda?"

"Tumeshinda."

"Haya. Twende nyumbani, miguu inaniua."

Hakuna aliyelia wala kuimba. Walisafiri mpaka Pinder, na kila mmoja alipomtazama mwenzake aliona jinsi alivyozeeka.

Hayo yote yalikuwa yameshapoa Lonzo alipofanya aliyoyafanya. Alikuwa mtu mzima sasa, fundi wa misumeno kwenye kiwanda cha mbao, mtu wa kuchekesha watu, ila pombe ilikuwa imemteka. Ijumaa moja jioni, jua halijazama, alitoka kwenye baa na gari lake la mizigo akamgonga Hosea Peek, shemasi wa kanisa lao hilohilo, aliyekuwa akitembea pembeni mwa barabara na mfuko wa mboga. Mzee Peek alikufa palepale. Lonzo alikaa chini kando yake, akamshika mkono mpaka polisi walipofika.

Jalada lilikuja kwenye meza ya Jaji Idella. Alisoma jina, akafunga, akakaa akitazama dirisha. Kesho yake Arletha alikuja jikoni kwake bila kubisha hodi, kama alivyozoea, akaketi.

"Umeshaona?"

"Nimeona, Dada."

"Sikuombi umwachie. Nisikie vizuri. Amemuua mtu, na Mama Peek anakaa nyuma yangu kanisani, nasikia anavyopumua. Nakuomba ukae. Ukae tu kwenye kile kiti chako. Wewe unamjua yeye ni nani."

"Hilo ndilo linaloniondoa."

Arletha alimtazama kama mtu asiyesikia vizuri.

"Nitaandika leo kwamba nimejitoa," Idella alisema. "Wataleta jaji kutoka wilaya nyingine."

"Mzungu."

"Labda."

"Della. Nilikaa na wewe nyumba yangu ikiungua. Nimekula mikate mikavu kwenye kiti hikihiki. Leo unaniambia utaandika karatasi?"

"Kama ningekaa, Mama Peek angesema nini? Angesema kesi ya mumewe imehukumiwa nyumbani kwa muuaji. Na angekuwa anasema kweli, Arletha. Yule mtoto alilala kwenye sofa langu."

"Wale wazungu wa zamani hawakujitoa. Walihukumu jamaa zao mchana kweupe."

"Najua. Ndio tuliowashtaki."

Arletha alisimama. Alivaa kofia yake taratibu, akapachika pini ya kwanza, kisha ya pili. "Basi umeshinda tena," alisema, akatoka. Idella alibaki jikoni na sufuria ya mboga za majani na nyama ya nguruwe ambayo hakuna aliyeigusa. Alitaka kumfuata. Badala yake alichukua kalamu, akaandika ile karatasi.

Wakaleta jaji wa kutoka kaskazini, mzungu mwenye mafua, asiyemjua mtu yeyote pale. Kwenye viti vya jopo waliketi wanawake na wanaume, weusi na weupe, mmoja wao mwalimu aliyemfundisha Lonzo kusoma saa. Idella hakukanyaga chumba kile. Alikaa ofisini kwake ghorofa ya juu akisikiliza kesi ya mpaka wa shamba, na kila mlango wa chini ulipofungwa kwa kishindo alipoteza sentensi aliyokuwa akiisoma.

Walimtia hatiani kwa kuua bila kukusudia. Yule jaji mwenye mafua alimsikiliza Lonzo mpaka mwisho, akamsikiliza Mama Peek mpaka mwisho, akampa miaka minane. Watu wengine walisema ni mingi, wengine wakasema ni michache. Mama Peek alisema yeye amechoka, apelekwe nyumbani.

Arletha hakumsemesha Idella muda mrefu. Kanisani alihamia upande wa kwaya. Idella alipokuwa akipita na joho lake jeusi la ujaji mkononi, watu walimpisha njia. Wapo waliomheshimu zaidi, na wapo waliosema, tena kwa sauti, kwamba umempa mtu wako cheo halafu hana faida kwako. Alisikia yote mawili. Asubuhi aliamka, akala kipande cha mkate wa mahindi, akaenda kazini.

Aliandika barua kwa Lonzo gerezani kila mwezi, za kawaida tu, habari za kiwanda na mvua. Lonzo alijibu chache. Katika mojawapo aliandika: "Shangazi, huku hakuna anayesema nilionewa. Nadhani hilo linanisaidia kulala, ila sijui kama mama ataelewa." Idella aliisoma mara nyingi, lakini hakumpelekea Arletha.

Alipostaafu, wilaya ilifanya sherehe. Walitundika picha yake ukumbini, vijana mawakili wakaja kutoka Birmingham na hotuba ndefu, na mmoja akamwita mama wa haki katika kusini nzima. Idella alikuwa ameshasinzia kwenye kiti, kidevu kifuani. Alipoamshwa apige picha aliuliza kama chakula kimebaki.

Figo zilimlaza kitandani kipupwe kile. Siku ya tatu mlango wa jikoni ulifunguliwa bila hodi, na Arletha akaingia na bakuli la supu. Alikuwa amekonda, na hakuwa na kofia.

"Lonzo ametoka," alisema. "Yuko nje, anapasua kuni. Hanywi siku hizi. Bado sijui kama itadumu."

"Mwambie aingie."

"Anaona aibu. Mwache amalize kuni kwanza."

Alivuta kiti karibu na kitanda, akakoroga supu ipoe.

"Bado nimekukasirikia," Arletha alisema.

"Najua."

"Nataka tu ujue. Fungua mdomo."

Idella akafungua mdomo. Supu ilikuwa na chumvi nyingi mno, lakini aliimeza, na Arletha akachota nyingine.