Pampu Iliyokuwa Chini ya Mama Mkwe

Mimi simpendi mtu anayetengeneza gari kwa kulisikiliza. Gari si redio. Unafungua boneti, unaona kilicholegea, unakaza, yameisha. Lakini mwamu wangu Thuku, mume wa dada yangu Kache, yeye huinamia tangi la mafuta akatega sikio kama daktari, na sote uani tunyamaze, hata kuku. Nimegombana naye kwa tabia hiyo tangu alipomwoa dada yangu, na Mungu akinijalia uhai nitaendelea kugombana naye. Asipogombana na mimi agombane na nani?

Thuku alikuja Gongoni kutoka bara kufanya kazi ya chumvi. Wengi huja, wakavuna chumvi, miguu ikipasuka wakarudi kwao. Huyu hakurudi. Alimwona Kache akiuza mahamri karibu na lango la kazini, akanunua mahamri, kesho akanunua tena, akala mahamri mpaka tukadhani ana minyoo. Wazee wake walipokuja kuposa tuliwapa mnazi, wakaunywa kwa adabu huku macho yamewatoka. Siku hizi chumvi ameiacha. Ana Toyota yake kuukuu, stesheni wagoni, hubebea mikate kutoka Malindi kuipeleka madukani. Yeye huiita "hii gari". Mimi humwambia, "Sema gari hili, bwana, umekaa pwani miaka yote hiyo!" Naye hunijibu, "Hata nikisema gari hili, haiwaki."

Sasa mwelewe pia habari ya mama yetu, Hawe Kwekwe. Macho yake yaliingia mtoto wa jicho, yakafifia polepole, kwanza sindano hakuiona, kisha mlango, mwishowe ikawa mchana kwake ni ukungu tu. Siku moja aliteremka kwenye matatu akakosa ngazi, akaanguka, nyonga ikamharibikia. Toka hapo alikata shauri: matatu hapandi, pikipiki hapandi. "Nitapanda gari la mkwe wangu," alisema, "au nitakaa papa hapa nife na giza langu." Na mama akisema, amesema.

Basi madaktari wa macho huja Kilifi mara mojamoja, wakapasua watu wiki nzima, wakaenda zao. Mara ya kwanza tulipojiandaa kumpeleka, mvua ikakata njia. Mara ya pili presha yake ilipanda, tukamwambia ateremke garini apumzike kidogo, na hicho kidogo kikamaliza safari. Mara hii jina lake liliandikwa kwa Ijumaa, siku ya mwisho ya wiki yao, na ilikuwa lazima afike kabla ya adhuhuri. Wakiondoka, hakuna aliyejua watarudi lini, na mama si msichana.

Jambo jingine ni heshima. Mama ni Mgiriama wa zamani. Kwake mkwe hupendwa kwa mbali. Hasemi naye moja kwa moja, hampi mkono, hamkazii macho, na mkwe naye haketi mama mkwe alipoketi. Neno la Thuku kwa mama hupitia kwangu au kwa Kache, hata kama sote tumesimama uani tunasikilizana. Sisi wenyewe mila hizo tumezilegeza. Aliyezishika sawasawa ni huyo mtu wa bara.

Wiki ile gari lilikuwa na kikohozi. Asubuhi linakwenda vizuri, jua likikaza linaanza kushtukashtuka, likipanda kilima linakata pumzi. Thuku akasema ni pampu ya mafuta. Mimi nikasema ni plagi, maana kwangu mimi kila kitu ni plagi. Yeye hakubishana, akaenda Malindi akapata pampu iliyotumika, bado nzima, akaifunga kwenye gazeti na kuiweka kabatini aje aifunge Jumapili baada ya kanisa. Pampu haikungoja Jumapili.

Ijumaa hiyo mama aliingia garini kabla jua halijachomoza vizuri. Alikuwa amevaa hando lake jeupe, sketi ya marinda ya Kigiriama, na leso mpya, mkoba kaukumbatia, amekaa katikati ya kiti cha nyuma. Thuku akazungusha ufunguo. Stata ikalia nye-nye-nye-nye, injini kimya. Akarudia. Nye-nye-nye.

"Plagi," nikasema.

"Angalia basi," akasema.

Nikachomoa plagi moja, tukaipima, cheche ikaruka ya samawati, nzuri kabisa. Nikairudisha. Thuku akachomoa fyuzi ya honi akaiweka penye fyuzi ya pampu. Wapi! Akalegeza mpira unaoleta mafuta kwenye injini, Kache akazungusha ufunguo, yakatoka matone mawili matatu kama mtoto aliyelazimishwa kukojoa. Mafuta yalikuwa hayafiki.

"Sasa lazima nisikilize," Thuku akasema, kisha akasita. Akaniita pembeni. "Gona, mwambie mama nataka kusikiliza pale alipokaa. Tangi iko chini ya kiti, na pampu iko ndani ya tangi."

"Ebo! Nimwambie mama yangu mzazi kwamba unataka kutega sikio chini ya makalio yake?"

Kache, aliyekuwa ameshuka na kurudi jikoni kwenye karai la mahamri, alicheka mpaka akakaa chini. Mama, ambaye macho yalimwacha lakini masikio hayakumwacha, akasema kutoka garini, "Gona, mwambie mkwe wangu mimi huku sijatoa sauti yoyote."

Basi nikasikiliza mimi. Nikaweka sikio kwenye mdomo wa tangi, Thuku akafungua swichi. Pampu nzima hunguruma kidogo, nguuu, kama nyuki ndani ya chupa. Sikusikia kitu. Thuku akasema tangi ligongwe kwa chini, kwa ubao, si kwa chuma, maana chuma hutoa cheche. Lakini kuingia chini ya gari, alale chali, na juu yake amekaa mama mkwe? "Hiyo hapana," akasema. "Hata hii gari ioze hapa."

Kwa hiyo nikaingia mimi, na tumbo langu hili, nikiburura mwichi wa Kache wa kutwangia, uliofungwa kitambaa. Nikagonga. Nguuu! Thuku akazungusha ufunguo, injini ikawaka, Kache akapiga vigelegele, gari likasogea mpaka usawa wa jiko likazimika, na mimi nikabaki nimelala mchangani nikitazama mbingu.

"Ni pampu," Thuku akasema. "Ukiigonga inaamka kama mlevi, halafu inalala tena. Haiwezi kufika Kilifi. Wacha tuibadilishe hapa hapa, nyingine tunayo. Lakini lazima kiti kitoke."

Hapo ndipo kazi ilipoanza. Nikamwambia mama, "Mama, teremka kidogo."

"Siteremki."

"Mama, pampu imekufa, na iko chini yako."

"Mara ile mliniambia teremka kidogo. Nikateremka. Nikalala nyumbani." Akaukaza mkoba wake kifuani. "Nikitoka humu, leo pia imekwisha. Mimi nataka kuona kabla sijafa, Gona. Sikuombeni kitu kingine."

Nilimbembeleza. Nikamfokea, maana mimi nikiogopa hufoka. Nikamwambia ngoja ngoja huumiza matumbo, akanijibu tumbo ni lake. Jua lilikuwa linapanda. Kache akaacha kucheka, akaanza kujifuta macho na pembe ya leso.

Thuku alikuwa amesimama nyuma ya gari, kichwa chini. Kisha nikasikia sauti yake, na haikuwa inapitia kwangu.

"Mama," akasema, "teremka na kiti chako."

Mimi na Kache tukatazamana. Si kwa sababu ya kiti. Ni kwamba alimsemesha.

"Kiti lazima kitoke," akaendelea, bado anatazama mchanga. "Nitakiweka hapo ukutani kwa jiko, kwa kivuli, ukalie. Gari haiendi popote bila kiti chake. Ukiwa juu ya kiti, tutakuacha namna gani?"

Mama alifikiri. Naapa niliona midomo yake ikihesabu hila ambazo tungeweza kumfanyia. Mwisho akauliza, naye hakupitia kwangu, "Kiti chote?"

"Chote, mama."

Akanyoosha mkono ashushwe. Mimi nilikuwa bado najipangusa mchanga, Kache yuko mbali, na aliyekuwa karibu ni Thuku. Akautazama ule mkono kama mtu aliyepewa mtoto mchanga. Kisha akauokota mwichi, akampa mama ncha moja, yeye akashika ya pili, akamwongoza taratibu mpaka kivulini bila ngozi kugusa ngozi. Sikucheka.

Tukang'oa kiti, tukakitua ukutani, mama akakikalia, akapapasa huku na huku kuhakikisha hatukumletea nusu. Thuku akamwambia Kache azime moto kabisa, mahamri yakabaki nusu mabichi kwenye karai. Akaondoa waya wa betri. Chini ya kiti kulikuwa na kifuniko cha bati, skrubu zake zimeliwa na chumvi, maana hewa ya Gongoni hata meno ya mtu yaweza kuyala. Kabla ya kufungua alifagia mchanga wote kwa brashi, polepole, chembe kwa chembe, isianguke hata moja ndani ya tangi.

"Unapiga deki?" nikamuuliza. "Madaktari wanaondoka!"

"Gona, shika tochi."

Pampu ilipotoka, kichujio chake kilikuwa cheusi kama kitako cha sufuria. Nikapata nafasi yangu. Nikamwambia hayo ndiyo malipo ya kununua petroli ya chupa za barabarani, na ya kutembea na tangi tupu taa nyekundu ikiwaka, hali pampu yenyewe hupozwa na mafuta inamokaa. Alikubali yote, na mtu akikubali yote ugomvi hauna ladha. Akafunga pampu nyingine na kichujio kipya, akabana waya. Lakini mpira wa duara unaoziba mdomo wa tangi ulikuwa umevimba kwa petroli, haukai mahali pake. Mimi nikataka tuulazimishe. Yeye akauanika juani unywee kwanza.

Tukakaa tukiutazama mpira ukikauka. Mambo gani haya!

"Thuku, bado?" mama akauliza kutoka kitini. Alikuwa ameshaonja kusema na mkwe wake moja kwa moja, hakuniona tena wa maana.

"Bado kidogo, mama."

"Kidogo cha bara au kidogo cha pwani?"

"Cha bara, mama."

"Alhamdulillahi," akasema mama, ambaye si Mwislamu.

Mpira ukanywea, ukakaa. Thuku akakaza, akarudisha betri, akafungua swichi na kufunga, akafungua na kufunga, mafuta yajae kwenye bomba. Nguuu. Tuliisikia sote, na mama akiwa kule ukutani aliinua kidole. Injini ikawaka mara moja. Thuku alipitisha kitambaa kikavu kuzunguka kifuniko, akakinusa, hakuna kinachovuja. Tukarudisha kiti, na mama akarudi juu yake kwa mwichi ule ule.

Malindi Thuku alijaza tangi pomoni, kitu ambacho sijapata kukiona. Tulikwenda madirisha wazi kwa harufu ya petroli, kupita Gede, kupita msitu. Nilikuja kutambua kwamba mimi mwenyewe nimetega sikio nyuma, nasikiliza. Kilifi tuliwakuta wanakunja karatasi. Muuguzi mmoja aitwaye Nelly alikuwa mlangoni, akatutazama tulivyojaa vumbi na grisi, akamnusa mama, akauliza, "Huyu bibi amekunywa petroli?" Kisha akamshika mkono, akaita ndani, "Ngojeni, wa mwisho amefika!"

Walimpasua jicho moja. Asubuhi yake wakatuita wakati wa kuondoa bandeji. Mimi na Kache tukaingia, Thuku akabaki nje ya mlango kwa heshima zake. Nelly akabandua plasta polepole. Mama akapepesa, akatulia, akanitazama.

"Gona," akasema, "umenenepa vibaya."

Akamtazama Kache, akampapasa mashavu kama vile bado haamini jicho peke yake, na Kache akalia kwa sauti. Kisha mama akauliza, "Yuko wapi?"

"Nje, mama. Anakuheshimu."

"Thuku!" akaita kwa kinywa chake mwenyewe.

Akaingia, kofia mkononi, macho sakafuni. Mama akamtazama. Kijana aliyekuja kumposa Kache alikuwa mwembamba, kichwa cheusi tii, na macho ya mama yalianza kufifia muda mfupi baada ya harusi. Aliyesimama pale nywele zake zilikuwa nyeupe pe, uso umekunjwa na jua la chumvi, mikono imepasuka kwa petroli ya jana.

"Huyu ni mzee," mama akasema.

"Siku zote mimi nilidhani naendeshwa na kijana."

"Ni mimi, mama," Thuku akasema.

"Najua ni wewe, sauti naijua. Umezeeka ukinihangaikia, nami sikukuona. Inua uso, mwanangu, nikutazame."

Thuku akainua uso, machozi yakimtiririka, na mama akamtazama mpaka akatosheka.