Milango Niliyoisimamisha Ngonga

Mwanangu, iko asubuhi moja ya kijijini kwetu Ngonga ambayo hata leo nikiikumbuka mwili hunisisimka. Nilikuwa binti, nimerudi nyumbani kutoka masomo ya sanaa. Sikuwa mchoraji wala mchongaji. Kazi yangu ilikuwa kuchukua vitu vya kawaida na kuviweka mahali ambapo mtu akiviona atasimama na kuwaza. Wasomi huiita sanaa ya dhana. Kwetu haikuwa na jina.

Mwaka ule mto ulifurika, ukabomoa nyumba na kuondoka na watu. Maji yalipopungua, milango ilibaki imelala matopeni. Niliwaomba wenyewe, nikaikusanya na kuisimamisha katika shamba la mpunga lililokwisha kuvunwa, milango mitupu bila kuta. Nilisema tu kwamba naihitaji kwa kazi yangu.

Kulipokucha, jirani yetu mwendesha bodaboda alikuja mbio. "Dada, ondoka. Wanakijiji wanasema umewafungulia marehemu njia ya kurudi. Wameshika mapanga na mafuta ya taa."

Nawe unajua, mwanangu, mtu akishaitwa mchawi huku kwetu hupatwa na yapi. Nikasukuma nguo kwenye mfuko, nikimbilie mpakani Kasumulu, nivuke mto niingie Malawi. Bibi yangu aliyenilea akasimama mlangoni.

"Ukivuka mto leo watakuwa na hakika, na mimi ndiye nitakayebaki nao," alisema. "Uliwaomba milango, hukuwaambia ni ya nini. Nenda ukawaambie."

"Bibi, wataniua."

"Huenda. Twende wote."

Tulishika njia ya shambani, nikawasikia kabla sijawaona. Walipotuona wakatugeukia na mapanga yao. Mzee mmoja alikwisha kuumwagia mlango wa kwanza mafuta. Bibi akanifinya kiganja.

"Watu wetu tuliwazika," nikasema. "Nyumba zao tuliziacha kwenye matope. Nilitaka tuzione zimesimama kabla hatujazisahau."

Yule mzee bado alikuwa na kiberiti mkononi. Ndipo mama Atupele, ambaye mumewe alichukuliwa na maji yale, akapita katikati ya watu. Akautafuta mlango wake, akaufungua, akapita, akaufunga taratibu kama mtu anayetoka kwenda sokoni Ipinda. Kisha akalia.

"Sikuwa nimeiaga nyumba yangu," alisema. "Ndaga, asante, mwanangu."

Mzee akatia kiberiti mfukoni. Mwingine akausogelea mlango wake, halafu mwingine.

Si wote walionielewa. Kwa miaka mingi wapo waliohamia upande wa pili wa barabara wakiniona naja. Nimeonyesha kazi zangu katika miji mingi tangu hapo, na kila mara, kabla watu hawajaingia, hofu ya asubuhi ile hunirudia.

Basi sikiliza, mwanangu. Ukitaka kugusa msiba wa watu, keti nao kwanza, uwaeleze nia yako mpaka waulize na wachoke kuuliza. Mtu akikupa kitu chake, hajakuruhusu kukifanyia lolote. Na ukiogopa, usingoje hofu iishe ndipo uende; yangu imezeeka nami.

Mungu akuepushe na moto unaowashwa na watu wenye hofu. Akupe neno la kweli siku utakapozungukwa, na akurudishe kwenu ukiwa mzima.