Ngiri Aliyoikataa Bawaba

Siku hizi mlango haujengwi, unamwagwa. Unga wa mbao unakandwa kwa gundi, unabanwa mashineni, unapakwa rangi ifanane na mti, na mtu anautundika nyumbani kwake akiamini amenunua mbao. Mvua moja ya upepo inatosha kuuvimbisha kama shavu la mwenye jino bovu. Bawaba hakuwahi kutengeneza mlango wa namna hiyo, na tajiri wake alipomletea mbao za unga mara ya kwanza, alizigonga kwa kidole, akasikiliza, akasema, "Huyu alishakufa. Mtafutie mwosha maiti, siyo fundi."

Jina alilopewa na wazazi wake lilibaki nyumbani kwao pamoja na nguo za utotoni. Karakanani walimwita mtu kwa kazi yake au kwa kasoro yake, na yeye walimwita Bawaba kwa sababu milango yake ilifunguka bila kulia. Alikuwa mtu mfupi, mwenye mabega mapana na maneno machache. Benchi lake lilikuwa la tatu kutoka mlangoni, chini ya bati lililotoboka ambalo kila masika aliahidiwa litazibwa.

Karakana ile ilikuwa na desturi ambayo vijana wa leo ukiwasimulia wanadhani unatunga. Fundi akipatwa na jambo la kumpeleka hospitali, alisimama mbele ya benchi lake asubuhi kabla msumeno wa kwanza haujalia, akagonga meza kwa nyundo ya mti, akataja kwa kinywa chake mwenyewe kinachomsumbua. Hakutuma mtu, wala hakunong'ona. Akishataja, kila fundi alihamia siku moja kwenye benchi la mgonjwa, akapiga kazi, na ujira wa siku hiyo ukaenda kwa mwenye benchi. Wakaiita siku ya benchi. Aliyeficha ugonjwa wake hakupewa kitu. Haikuwa roho mbaya. Walisema tu, "Hatubebi mzigo ambao mwenyewe hataki tuuone."

Wa mwisho kusimama hivyo alikuwa Msasa, fundi mkubwa kuliko wote, aliyeitwa hivyo kwa ulimi wake uliokwaruza kila ulichogusa. Msasa aligonga meza, akatangaza bawasiri. Mafundi walicheka hadi wakaketi kwenye maranda, halafu wakaenda benchini kwake mmoja mmoja hadi alipopona. Bawaba alikuwa kijana wakati huo. Alipiga randa siku yake kwenye benchi la Msasa na akajiona amekuwa mtu mzima.

Halafu tajiri akawaandikisha wote kwenye bima ya afya. Kila mmoja akapewa kadi yenye picha yake, amekodoa macho kama aliyekamatwa na kuku wa jirani. Hakuna atakayesema kadi ni mbaya. Lakini kadi ilipoingia mfukoni, siku ya benchi ilitoka mlangoni bila kuaga. Mtu akiugua siku hizi anapotea tu, benchi lake linashika vumbi, na wenzake wanaulizana, "Fulani yuko wapi?" kama wanaoulizia mwavuli.

Mke wa Bawaba alimzaa kitindamimba wao kwa kupasuliwa, kama alivyowazaa wawili wa kabla yake, na safari hiyo damu iligoma kukata. Bawaba alikaa nje ya chumba cha upasuaji akihesabu vigae vya sakafu, anasahau, anaanza upya. Mwishowe daktari alitoka akamwambia wazi, "Mama amepona. Lakini akibeba mimba nyingine, siwezi kukuahidi kitu. Tumbo hili lisifunguliwe tena ila kwa shida kubwa."

Vidonge vya uzazi wa mpango vilimpandisha mke presha. Kitanzi kilimtoa damu, kikaondolewa. Daktari akawaita wote wawili, akawaeleza kuwa ziko njia mbili za kudumu. Mama afungwe kizazi, yaani tumbo liguswe tena. Au baba afungwe mirija inayopitisha mbegu, kazi ndogo ya ganzi, anaingia kwa miguu yake na kutoka kwa miguu yake.

Njiani kurudi nyumbani Bawaba ndiye aliyeanza.

"Wewe umekatwa vya kutosha. Zamu hii ni yangu."

"Baba watoto, watu watasema."

"Hao watu walikuwepo leba?"

"Hawakuwepo."

"Basi."

Mke akatembea hatua kadhaa, akiwa na lake moyoni. "Na wewe... utabaki mzima?"

"Daktari anasema jogoo atawika kama kawaida. Mayai ndiyo hayatatotoa."

Mke alicheka akajishika tumbo mahali pa mshono. Hakuwa amecheka tangu azae, na Bawaba alisikia kicheko kile kama fundi anavyosikia mlango ulioingia kwenye fremu bila kusukumwa.

Kesho yake alikwenda kwenye dirisha la bima pale hospitali. Nyuma ya kioo aliketi mama mmoja mwenye sweta lililovutika mikono, sura ya mtu aliyejibu swali moja maisha yake yote.

"Huduma gani, baba?"

"Kufunga mirija."

"Kwa ajili ya mama?"

"Ya kwangu mimi."

Mama akainua macho. Akabonyeza mashine yake, akasubiri, akabonyeza tena. "Ya mama kadi inalipa yote, hadi kitanda na dawa. Ya baba haimo. Utalipa taslimu. Na baada ya miezi mitatu utarudi kupimwa, wahakikishe mbegu zimekwisha. Kipimo nacho hakimo."

"Yaani ile kubwa inayopasua tumbo inalipwa, hii ndogo hailipwi?"

"Baba yangu, mimi sikuandika. Mimi nasoma tu."

Alipomtajia bei, Bawaba alipiga hesabu kimoyomoyo. Ilikuwa bei ya mlango mzima pamoja na fremu yake, na yeye akiba yake ilikuwa ya fremu. Juu ya hapo daktari alishamwonya asinyanyue kitu kizito kwa siku kadhaa baada ya upasuaji, na fundi wa milango asiyenyanyua ni mdomo wa kula tu.

Mama wa dirishani alimtazama yule bwana aliyeshika kofia mikononi, akasogea karibu na kioo. Sauti aliishusha.

"Sikiliza. Ngiri imo. Inalipwa yote. Wewe ni fundi, unabeba mbao nzito, nani atashangaa? Kaongee na daktari. Akiandika ngiri, unaingia, unatoka, hutoi hata senti. Tena hata nyumbani kwako hawatajua."

Alisema kwa huruma, na Bawaba aliiona huruma yake. Ngiri ingemwokoa na mengi. Ingemlipia, ingemfunika, na kule karakanani wangempa pole badala ya kicheko. Alikaa kwenye benchi la wagonjwa, akalifikiria jambo lile kwa muda mrefu, maana alikuwa maskini, na maskini hakatai kitu bila kukigeuza upande wa pili. Halafu akarudi dirishani.

"Dada, ahsante sana. Lakini ngiri humpata mtu. Hili mimi nimelichagua. Siwezi kuliita ajali."

Mama akamrudishia kadi yake. "Haya, baba. Ukipata pesa, uje."

Alimwendea tajiri kuomba mkopo. Tajiri hata hakuinua kichwa. "Si niliwapa kadi?"

Basi ilibaki njia moja, na ilikuwa imekufa miaka mingi. Bawaba alilala nayo na kuamka nayo. Akisimama kugonga meza, mafundi wakamcheka na kurudi kwenye kazi zao, angebaki hana pesa wala heshima, na angekuwa kichekesho cha karakana hadi siku watakayompigia jeneza. Na mke wake angebaki na ile hofu kitandani, kila mwezi akisubiri damu yake kama mshitakiwa anayesubiri hukumu. Hilo la mwisho ndilo lililomwinua.

Asubuhi, kabla msumeno haujawashwa, alichukua nyundo ya mti akagonga benchi lake mara tatu. Wazee waligeuka kama waliosikia sauti ya marehemu. Vijana walidhani anaua mende.

"Jamani, naomba masikio," alisema Bawaba. "Mama watoto akishika mimba nyingine, atakufa. Nakwenda hospitali kufungwa mirija ya uzazi. Kadi hailipi. Naomba siku ya benchi."

Mmoja kule nyuma akapiga yowe, "Anahasiwa!" na karakana nzima ikalipuka.

"Tukuletee majani, maksai wetu?"

"Sauti ikishakuwa nyembamba, utatusaidia kwenye kwaya!"

"Mke wako atafute nini kwako tena, hesabu za mbao?"

Bawaba alisimama hapo hapo. Aliwaacha wamalize, kama unavyouacha msumeno umalize gogo, kisha akasema, "Hakuna kinachokatwa kama mnavyofikiria nyie. Bomba linafungwa, mtambo unabaki na unafanya kazi. Mwenye shaka akamuulize daktari, asimuulize mke wangu."

Wachache walicheka kwa upande wake sasa. Msasa alikuwa hajacheka. Alikuwa amezeeka, mgongo umepinda kama mbao iliyoachwa juani, lakini ulimi ulikuwa bado msasa wa namba ile ile.

"Bawaba," aliita. "Wahenga walisema, mficha uchi hazai."

"Mzee, mimi wangu nimeufunua mbele yenu wote," Bawaba akajibu, "na bado sizai."

Hapo walicheka mpaka wengine wakashika mabenchi, na safari hii kicheko hakikuwa na meno. Msasa mwenyewe alikohoa kwa kucheka, akajifuta macho kwa mkono uliojaa vumbi la mbao.

"Nyie mliokuwepo," akawauliza wazee wenzake, "nilipotaja bawasiri mlinicheka hivi?"

"Tulikucheka zaidi, mzee!"

"Mkaja benchini, hamkuja?"

"Tulikuja."

Msasa akachukua randa yake. Ilikuwa randa ya mti mweusi, mpini umelika kufuata vidole vyake, na hakuna aliyethubutu kuigusa tangu karakana ianze. Akatembea nayo polepole, akaiweka juu ya benchi la tatu kutoka mlangoni.

"Akianza kupumzika yeye, siku ya kwanza ni yangu. Nani anafuata?"

Kijana mmoja akasema, "Lakini mzee, sisi si tuna kadi?"

"Kadi yake umesikia ilivyojibu," Msasa akasema. "Sasa wewe unajibuje?"

Kijana akakuna kichwa, akachukua patasi yake, akaiweka kando ya randa. Wakafuata wengine. Wawili hawakufuata, waliwasha msumeno wakaendelea na mbao zao za unga. Karakana ya siku hizi ina watu wa hivyo pia, na usimtafute aliyewafundisha.

Ujira wa siku za benchi ulikuja kwa mkupuo kabla ya Bawaba kwenda hospitali, kwa sababu Msasa alimfuata tajiri ofisini akafunga mlango. Walichoongea hakijulikani. Tajiri alitoka amekunja uso lakini pesa ilitoka.

Bawaba alilipa taslimu dirishani, noti kwa noti. Upasuaji wenyewe ulikuwa mfupi kuliko foleni. Daktari na muuguzi walibishana kuhusu mpira muda wote, na yeye alisikia kuvutwa-vutwa tu, kama mtu anayerekebishiwa mkanda. Alirudi nyumbani akitembea kwa tahadhari, kama aliyebeba kioo cha kabati. Akataka kuinuka achote maji, mke akamrudisha kwa kidole kimoja kifuani.

"Tulia. Leo mzazi ni wewe."

Miezi mitatu waliendelea kujihadhari kama daktari alivyoagiza, maana mbegu zilizobaki njiani hazijui kwamba mlango umefungwa. Kisha Bawaba akarudi kwenye lile dirisha na pesa ya kipimo iliyobaki. Mama wa sweta akamtambua.

"Aa, baba wa ngiri!"

"Baba wa mirija," Bawaba akamsahihisha, kwa sauti ambayo foleni nzima iliisikia. Watu wawili waligeuka. Yeye hakuinamisha kichwa.

Kadi ya bima hailipi hadi leo. Ukienda na tumbo la mke wako watalipasua bure. Ukienda na mirija yako mwenyewe, fungua pochi. Lakini jioni ile Bawaba hakuwa na hasira na mtu. Aliingia nyumbani kwake kwa mlango alioutengeneza kwa mikono yake, ukafunguka bila kulia. Mke alikuwa anamfunga mtoto mgongoni.

"Wamesema mbegu hamna hata moja," Bawaba akasema.

Mke aliacha kanga katikati ya fundo. Akakaa chini kizingitini, mtoto amemwegemea begani, akatazama nje.

"Kumbe nitazeeka," akasema.