Chumba Kitupu cha Shefali

Inatangazwa kwa watu wote wa Kendgora, wenye kadi za mgao na wasio nazo, pamoja na mbuzi wao, kwamba Serikali imefikiri. Imefikiri kwa miaka kumi na mmoja, miezi minne na siku tisa, na sasa imemaliza.

Iliyokuwa ikifikiriwa ni fomu moja ya Shefali Mahato, ya kuomba uwakala wa duka la mgao, linalouza mchele wa serikali kwa bei nafuu. Wakala wa zamani alifariki, ofisi ya chakula ikabandika tangazo, na Shefali, akiwa na miaka arobaini na mmoja, akajaza fomu kwa mwandiko mzuri kuliko wa kadi ya harusi yake. Masharti yalitaka ghala: kuta zipakwe chokaa, mchele usiguse sakafu bali ukae juu ya mbao, mizani iwe na muhuri. Na chumba kiwe kitupu, mkaguzi asikute humo hata ufagio.

Mkaguzi hakuja. Chumba kikabaki kitupu.

Nyumba ile ina vyumba vitatu. Kimoja cha Shefali na mumewe Gopen, kimoja cha mama mkwe, na hicho. Mbuzi walilala nje chini ya ukingo wa paa, na msimu wa mvua walilia kama wamefiwa.

"Mama Tuku, waingize hata wiki moja tu," Gopen alisihi kila mwaka.

"Mkaguzi akija leo?"

"Mkaguzi huyo hajazaliwa."

"Basi akizaliwa aje akute pasafi."

Kila asubuhi Shefali alifagia, akafungua dirisha la kuuzia, akasimama nyuma ya mizani. Wanawake walipita na magunia matupu kuelekea ng'ambo ya mto, kwa wakala anayefungua duka akijisikia. Aliwatazama mpaka wakapotea. Alichotaka ni kitu kidogo: asikie wakimgombania, "Dada Shefali, nianzie mimi!" naye ajibu, "Foleni! Hapa hata mama mkwe wangu anapanga foleni." Jibu hilo alikuwa nalo tayari tangu mwaka wa kwanza.

Mizani ilipata kazi moja tu. Ya zahanati iliharibika, basi watoto wachanga wakaletwa kupimwa kwake. Aliwashika muda mrefu kidogo kuliko ilivyohitajika, kisha akatangaza dirishani, ingawa nje hapakuwa na mtu: "Kilo mbili na robo tatu!" Mtoto wa kwanza kupimwa pale sasa anavaa miwani.

Mwaka wa kumi na mmoja akaenda mjini na Gopen, kwa Wakili Sarkel.

"Tutaishtaki serikali," wakili akasema.

"Inipe duka?"

"Hapana, dada. Ikujibu. Jaji hawezi kukupa duka. Anaweza kuwaamuru waamue."

"Niende mpaka Mahakama Kuu kuomba kujibiwa?"

Gopen akacheka. "Mimi unanijibu kabla sijauliza, na bure."

Shauri lilichukua dakika saba. Wakili wa serikali akasema ombi linazingatiwa kwa makini. Jaji akauliza, tangu lini? Wakili akatafuta kwenye faili, akatafuta tena, akakohoa. Amri ikatoka: ofisi iamue ndani ya wiki nane, kwa maandishi, itoe na sababu.

Kijijini wanawake walimpokea kwa vigelegele. Mmoja akamletea gunia lake kabisa, la kuwekea nafasi kwenye foleni. Shefali akapaka chokaa upya. Siku zile alipika huku akiimba, na mama mkwe akaulizia kama ana homa.

Barua ilifika siku ya mwisho ya wiki ya nane. Watu wakajaa uani wakitafuna bisi za mchele na pilipili mbichi. Wakili Sarkel, aliyekuja mwenyewe kufaidi ushindi, akasafisha koo, akasoma:

"Ombi limezingatiwa kikamilifu na limekataliwa. Sababu: mwombaji hapaswi kuzidi miaka hamsini. Leo, siku ya uamuzi huu, mwombaji ana miaka hamsini na miwili."

Bisi zikakoma midomoni.

"Si ndio wao waliomzeesha!" bibi mmoja akafoka.

Wakili ndiye pekee aliyeng'aa. "Hii haisimami hata dakika! Tunarudi mahakamani, na tunashinda. Miaka miwili, mitatu hivi."

"Dada Shefali, sema neno," watu wakadai. "Serikali nzima imekujibu!"

Shefali akaingia chumbani. Akabonyeza sahani ya mizani kwa kiganja, akautazama mshale ukipanda, akaachia. Nje mawingu yalikuwa yameshuka hadi kwenye mitende. Akamwita mumewe dirishani.

"Baba Tuku, ingiza mbuzi."